Mali ya Mchezo na Mchezo wa Mali

Kuna mchezo unaopendwa na vijana wengi siku hizi. Huchezwa katika kompyuta au katika simu. Mchezaji hupewa fedha za kubuni, tuseme shilingi 1,000,000, akaingia nazo katika soko la hisa la kuigiza. Humo hununua hisa za kampuni na kuziuza, huweka akiba, hukopa, hupata faida na hula hasara. Muda uliowekwa ukiisha, fedha za kila mchezaji huhesabiwa, na mwenye nyingi kupita wenziwe hutangazwa kuwa mshindi. Mashindano ya namna hii si mageni. Shule za Marekani zimekuwa nayo tangu mwaka wa 1977, na Soko la Hisa la Nairobi limepata kuandaa ya kwake kwa vijana wa vyuo vya Kenya.

Nataka tufikiri pamoja, ewe msomaji, juu ya swali moja. Je, mtu ashindaye mchezo huu amejifunza kutunza mali? Swali hili laonekana jepesi, na mimi mwenyewe nililijibu haraka zamani. Nilisema ndiyo. Baadaye nilijuta kwa haraka yangu, na sababu ya majuto hayo nitaieleza.

Kwanza yafaa tuutendee mchezo haki. Una mafunzo mema ndani yake. Kijana ambaye hajapata kuona cheti cha hisa hufahamu kwa siku moja kuwa hisa ni sehemu ya umilikaji wa kampuni. Kwamba mwenye hisa hushiriki faida ikipatikana, na hushiriki hasara ikitokea. Hufahamu pia kazi ya wakati. Shilingi 10,000 zikizaa asilimia 10 kila mwaka, na faida isiguswe, huwa shilingi 25,937 baada ya miaka 10. Huwa 67,275 baada ya miaka 20. Na baada ya miaka 30 huwa 174,494. Hesabu hiyo ukiiandika ubaoni, wanafunzi huinakili na kuisahau. Katika mchezo, ambamo mwaka mzima hupita kwa dakika chache, huiona kwa macho yao, wala hawaisahau upesi.

Tena mchezo una njia zake za busara, na kila mwalimu huzifundisha. Usinunue hisa za kampuni ambayo hujui inafanya kazi gani. Usiweke fedha zako zote mahali pamoja, kwani hata mkulima hapandi mahindi matupu katika shamba zima. Hupanda na maharagwe na mihogo, ili mvua ikikataa zao moja, jingine limlishe. Acha fedha kidogo mkononi kwa ajili ya siku ya shida, maana akiba haiozi. Usiuze kwa hofu ya asubuhi moja, wala usinunue kwa uvumi wa jioni moja. Zaidi ya yote, andika. Wahenga walisema kwamba mali bila daftari hupotea bila habari.

Njia hizi ni njema. Lakini nataka nikuambie jambo ambalo mwalimu hulinyamazia: mara nyingi anayezifuata hashindi.

Katika shule niliyofundisha tulikuwa na chama cha wanafunzi wa biashara, na muhula mmoja tuliandaa shindano la mchezo huu. Msichana mmoja alizifuata njia nilizozitaja hatua kwa hatua. Daftari lake lilikuwa safi, na kila alichonunua alikiandikia sababu. Alimaliza na shilingi 1,190,000, akawa wa tisa. Mvulana mmoja alifanya kinyume. Alikopa kwa benki ya mchezo kadiri alivyoruhusiwa, akaweka fedha zote katika kampuni moja. Bei ilipopanda aliuza, akakopa tena, akaweka zote katika nyingine. Alimaliza na zaidi ya shilingi 4,000,000. Nilimsimamisha mbele ya shule nzima, nikamwita mwekezaji hodari, wanafunzi wakampigia makofi. Yule msichana wa tisa sikumtaja.

Sasa tazama hesabu hii ndogo. Chukua wachezaji 32, kila mmoja ana shilingi 1,000,000. Kila mmoja arushe sarafu: ikimwangukia vema, fedha zake ziongezeke mara mbili, ikimwangukia vibaya, apoteze zote. Baada ya mrusho wa kwanza, kwa kadiri, watabaki 16 wenye fedha. Baada ya wa pili, 8. Kisha 4, kisha 2, na baada ya mrusho wa tano atabaki mmoja. Mtu huyo atakuwa na shilingi 32,000,000. Ukimwona peke yake utadhani ana maarifa makubwa, nawe utamwomba akufundishe. Lakini hakujua lolote ambalo wenziwe hawakulijua. Ilikuwa lazima mmoja abaki, naye ndiye aliyebaki. Wale 31 waliofilisika hawaonekani jukwaani, kwa sababu hakuna amwitaye aliyefilisika aje kusimulia.

Ndivyo yalivyo mashindano ambayo wa kwanza hutuzwa na wengine wote huwa sawa. Mtu wa tisa na mtu wa mwisho hurudi nyumbani mikono mitupu. Basi anayetaka tuzo ana sababu ya kuhatarisha kila alicho nacho, maana akipoteza hapotezi kitu. Mvulana wangu alikuwa ameifahamu kanuni ya mchezo kuliko mimi niliyeufundisha. Aliyekosa nilikuwa mimi, kwa kuwa niliuita ushindi ule kwa jina lisilo lake.

Kosa langu lilinirudia baada ya majuma mawili. Mama wa yule mvulana alikuja shuleni akiwa amevaa nguo zake za heshima. Alikuwa mweka hazina wa chama cha akina mama kumi na wawili, ambao kila mmoja alitoa shilingi 300 kwa mwezi. Kwa miaka miwili walikuwa wamekusanya shilingi 86,400.

"Mwalimu," aliniambia, "nimesikia ulivyomsifu mwanangu mbele ya watu. Mungu amenipa mtoto mwenye akili ya fedha. Wenzangu wamekubali tumpe hizi zetu azizungushe. Nimekuja nipate neno lako tu."

Nilimwita mvulana. Nilikuwa bado natafuta namna ya kuyarudisha maneno yangu bila kumvunjia heshima mama yake, naye akanitangulia kusema.

"Mama," alisema akiwa ameinamisha kichwa, "kabla ya shindano nilikuwa nikijaribu mchezo huo kwa rafiki yangu. Nilifilisika mara sita. Kila nilipofilisika nilianza upya, na hapana mtu aliyejua. Fedha zenu zikipotea nitaanzaje upya?"

Mama alikaa kimya kitambo. Kisha alifunga pochi yake, akasema, "Basi umenisaidia kuliko ambavyo ungezichukua." Fedha zile zilirudi zilikotoka. Mimi nilibaki katika chumba cha walimu nikiwa na aibu ambayo ilinifaa. Mwanafunzi alikuwa ameona tofauti ambayo mwalimu wake, pamoja na cheti chake cha chuo cha ualimu, hakuiona.

Tofauti yenyewe ni hii. Katika mchezo kuna kuanza upya. Katika maisha mara nyingi hakuna. Mtu aliyepoteza nusu ya mali yake harudi alipokuwa kwa kuongeza nusu ya alichobaki nacho. Yahitaji alichobaki nacho kiongezeke mara mbili. Aliyepoteza yote hana cha kuongeza. Tena fedha za mchezo si za mtu. Hazikutoka katika jasho la yeyote. Shilingi 300 za mama yule zilikuwa mboga iliyouzwa, nauli iliyookolewa kwa kutembea kwa miguu, sukari iliyopunguzwa katika chai. Ujasiri wa kuhatarisha kitu kisichomuumiza mtu hauna bei. Haupaswi kuitwa ujasiri mpaka upimwe kwa kitu kinachouma.

Usidhani kwamba jambo hili ni la watoto tu. Watu wazima wa nchi yetu walilipitia mwaka wa 2008. Serikali ya Kenya iliuza hisa bilioni 10 za kampuni ya Safaricom, yaani robo ya kampuni, kwa shilingi 5 kila hisa. Watu walipanga foleni. Maombi yalizidi hisa zilizokuwapo zaidi ya mara nne, na wengi walipata sehemu tu ya walizoomba. Wako waliotumia akiba zao, na wako waliokopa wakitumaini kuuza baada ya siku chache na kulipa deni kwa faida. Mwezi wa Juni mwaka ule hisa zilianza kuuzwa sokoni. Bei ilipanda kwa siku chache, kisha ikaanza kushuka, na mwaka wa 2009 ilikuwa imefika hata chini ya shilingi 3. Aliyekopa alilazimika kuuza kwa hasara, kwa maana deni halingoji soko. Aliyenunua kwa fedha alizoweza kuziacha hakulazimika. Mwaka wa 2021 hisa ile ile ilipita shilingi 40. Kisha ikashuka tena, na mwaka wa 2023 ilikuwa chini ya shilingi 20.

Angalia vema: hisa ilikuwa moja, kampuni moja na bei moja. Waliotofautiana ni watu. Mmoja aliingia sokoni akiwa na haraka ya mchezaji, mwingine akiwa na subira ya mkulima. Sisemi subira hulipa kila mara. Ziko kampuni zilizokufa na wenye subira wakazikwa nazo. Nasema kwamba mwenye kuhatarisha kile anachoweza kukikosa hubaki na kesho, na mwenye kuhatarisha kila kitu huiweka rehani kesho yake.

Pengine utanipinga. Utasema: mwoga hatajiriki, na wafanyabiashara wakubwa walianza kwa kuthubutu. Ni kweli, wala siwafundishi vijana woga. Manahodha wa pwani yetu walivuka bahari kwenda Arabuni na Bara Hindi kwa majahazi ya mbao, na bahari ile ilimeza wengi. Lakini nahodha hodari alingoja kaskazi na kusi, kila upepo kwa wakati wake. Alikagua tanga na kamba kabla ya kung'oa nanga. Alijua roho zilizomo chomboni si yake peke yake. Kuthubutu kwake kulikuwa na hesabu ndani yake. Mtu anayethubutu bila hesabu hushinda siku moja, naye huita bahati yake akili. Siku ya pili huzilipa zote mbili.

Basi, utauchezaje mchezo huu, nawe wataka ukufae? Cheza kana kwamba fedha ni za mama yako. Kabla ya kununua, andika sababu. Baada ya kuuza, isome tena uone kama ulikuwa na akili au ulikuwa na bahati. Ukifilisika, usianze upya siku hiyo hiyo. Kaa usiku mmoja na hasara yako, ujiulize nani angelala njaa kama ingekuwa kweli. Ukishinda, uliza wangapi walifanya kama wewe wakaanguka. Mshindi asiyejua kwa nini ameshinda yuko katika hatari kubwa kuliko aliyeshindwa, kwa kuwa aliyeshindwa huogopa kurudia kosa, na yeye hulirudia akilidhani ni hekima. Ukikosa tuzo kwa kucheza hivi, usihuzunike. Usiache mbachao kwa msala upitao.

Nami mwalimu nina wajibu wangu. Mwaka uliofuata tulifanya shindano tena, lakini tulibadili kanuni. Alama nusu zilitolewa kwa fedha, na nusu kwa daftari. Aliyekopa alieleza mbele ya wenziwe angelipaje kama bei ingeshuka kwa nusu. Wachezaji walinung'unika kwamba mchezo umepungua raha. Huenda walisema kweli. Yule msichana aliyekuwa wa tisa alikuwa wa kwanza, na nilipomsimamisha mbele ya shule nilisoma kwa sauti kurasa mbili za daftari lake, kisha nikawaomba radhi wanafunzi kwa sifa nilizozitoa vibaya mwaka uliotangulia.

Yule mvulana alikuwa wa tano. Alikuja kwangu baadaye na daftari lake mkononi akaniomba nilikosoe. Ukurasa wa kwanza alikuwa ameandika hesabu ya fedha zake za kuanzia, shilingi 1,000,000, na chini yake ameandika kwa mkono wake: za akina mama kumi na wawili.