Mpaka na Undugu

Twauliza leo swali ambalo watu wa Arusha na wa upande wa Longido walilijua kwa uchungu. Wakubwa wakigombana na kufunga njia, je, mtu amesamehewa wajibu wake kwa ndugu aliye ng'ambo?

Mpaka ule haukuchorwa na wenyeji. Mwaka 1886 Wajerumani na Waingereza walipatana huko Ulaya juu ya mstari utokao pwani hata Ziwa Victoria, wakaupinda kando ya Kilimanjaro, na Wamasai wakajikuta nusu huku na nusu kule. Hata hivyo ng'ombe waliendelea kufuata majani, na watu kufuata jamaa zao. Kisha mwaka 1967 ikaja Jumuiya ya Afrika Mashariki, makao yake Arusha: reli moja, posta moja, ndege za shirika moja. Jumuiya ilipokuwa ikivunjika, mwezi wa Februari 1977, Tanzania iliufunga mpaka wake na Kenya, nao ukakaa hivyo miaka sita na zaidi.

Hebu tumfikirie mama wa Namanga, mji wenye jina moja na nchi mbili, ambaye binti yake ameolewa upande wa pili. Apata habari kwamba binti amejifungua. Je, akivuka usiku na kibuyu chake cha maziwa, amekosa sawasawa na yule apitishaye magunia ya magendo kwa faida? Sisi twaona kwamba si sawa hata kidogo. Lakini askari haoni ndani ya moyo. Basi lawama yawapasa kwanza wale waliofunga mlango pasipo kuacha hata kidirisha. (Nasi walimu tusijivune: mara ngapi twamwadhibu mtoto aliyevuka mstari, tusimwulize amefuata nini?)

Liko kosa jingine, nalo halikuwa la wakubwa peke yao. Huku tuliwasema majirani kuwa ni watu walao watu. Nao wakajibu kwamba sisi hatuna hata cha kula. Watu wakacheka barazani. Hakuna amri iliyotulazimisha kuyarudia maneno hayo. Kumtii mtawala kwa kutovuka ni jambo moja. Kumdharau jirani ili tusisikie uchungu wa kutengana naye ni jambo jingine, nalo twalihesabu dhambi.

Novemba 1983 Nyerere, Moi na Obote walikutana Arusha, na njia ikafunguliwa. Mali ya Jumuiya ikagawanywa kwa mapatano ya Mei 1984. Wajukuu waliozaliwa mwaka ule wa kufungwa walikuwa wamekwisha kufikia umri wa kwenda shule. Tangu 2018 maofisa wa nchi zote mbili hufanya kazi pamoja pale Namanga, na msafiri husimama mara moja tu, upande ule aingiao.