Mpaka wa Shamba Usigeuzwe Mpaka wa Damu

Wanangu na wajukuu zangu, jana jioni wawili kati yenu mlizozana juu ya mpaka wa shamba. Ugomvi wa mpaka haunishangazi. Burundi ni ndogo na sisi ni wengi. Kilichoninyima usingizi ni neno alilotamka mjukuu wangu: “Nyinyi watu wa kabila lile.” Neno hilo nimeliona likifanya kazi. Kabla sijafukiwa, nataka mjue kazi yake.

Juni 1993 tulipanga foleni tukapiga kura kwa utulivu, na Melchior Ndadaye akachaguliwa kuwa rais. Tarehe 21 Oktoba mwaka uleule akauawa. Milima ikawaka. Wahutu waliwaua majirani zao Watutsi, wanajeshi wakawaua Wahutu. Huku kwetu kando ya Ziwa Tanganyika, watu waliokuwa wakikamua mawese pamoja wakaanza kuulizana baba zao ni nani. Vita vilipita miaka kumi, vikameza roho zipatazo 300,000.

Sisi tulivukia Kigoma, nchini Tanzania, tukaishi chini ya maturubai kwa mahindi ya mgawo. Mwalimu Nyerere alisimamia mazungumzo ya amani hadi alipofariki mwaka 1999. Mandela akayapokea, na mkataba ukatiwa saini Arusha tarehe 28 Agosti 2000. Bunduki hazikunyamaza siku ile, na hata ziliponyamaza, amani ilikuwa bado haijafika shambani kwangu.

Niliporudi nilikuta familia nyingine imejenga uwanjani pangu, imepanda mihogo na michikichi. Nilitaka kuwafukuza. Kumbe mwenye nyumba ile naye alikuwa amekimbizwa kwao, nyumba yake ikachomwa. Mimi nilikuwa na haki ya ardhi. Yeye alikuwa na watoto na hana pa kwenda.

Bashingantahe, wazee wetu wa usuluhishi, walituketisha siku tatu. Walimsikiliza kila mmoja mpaka akaishiwa maneno. Kisha tukagawana: yeye nusu ya chini, mimi nusu ya juu, na michikichi yake iliyobaki upande wangu aendelee kuivuna misimu miwili. Niliondoka na kinyongo, siwafichi. Mwaka mzima salamu yangu kwake ilikuwa ya mdomo tu. Usiku mmoja mtoto wake akashikwa na homa kali. Akaja kunigongea, kwa kuwa hakuwa na jirani mwingine. Tulimbeba kwa machela, yeye mbele mimi nyuma, mpaka zahanati. Alfajiri, tukirudi na mtoto anapumua vizuri, ndipo vita vyangu mimi vilipokwisha.

Sasa shikeni maneno yangu.

Mkigombana, gombaneni juu ya kitu chenyewe. Shamba lina hatua za kupimwa na mashahidi wa kuulizwa. Kabila halipimiki, kwa hiyo ugomvi wake haumaliziki.

Mtu akija kuwachambua, huyu huku, yule kule, kataeni. Tarehe 30 Aprili 1997 waasi walivamia seminari ya Buta, kule Bururi, wakawaamuru wanafunzi wajitenge kwa kabila. Vijana wale walikataa kutengana. Arobaini waliuawa. Walikuwa na umri kama wenu, na wametuachia deni sisi tulio hai.

Tena, msione aibu kupata nusu. Ningedai shamba lote, labda ningelipata, na leo ningekuwa nalilinda kwa panga.

Na wewe uliyekaa karibu na mlango, uliyetukanwa jana: mtoto tuliyembeba usiku ule ni wewe. Mjukuu wangu, mpaka unaougombania ndio uleule tuliouweka na baba yake. Kesho asubuhi chukueni kamba, nendeni mkaupime nyinyi wawili. Mimi nitakuja na mkongojo wangu. Lakini kabla ya kamba kufunguliwa, mwombe mwenzako radhi mbele ya watu hawa hawa.