Kujivua

Lugha yetu, ambayo wajuzi wake hawachoki kuisifu kwa utajiri wa vitenzi, imemfanyia mwanamke ubahili mkubwa katika mambo ya ndoa: mwanamume huoa, naye huolewa, mwanamume huacha, naye huachwa, na hata pale ambapo hakuachwa na mtu, bali alifunga kanga zake mwenyewe alfajiri akashika njia ya kwao, majirani watasema ameachika, kana kwamba ni embe lililopukutika mtini kwa upepo. Kitenzi kimoja kimesalia cha kumpa utendaji, nacho hukaa zaidi midomoni mwa masheikh kuliko barazani, nacho ni kujivua. Wanazuoni huliita jambo hilo khului, na asili ya neno lao katika Kiarabu ni kuvua nguo. Na maadamu Kurani imewafananisha mume na mke na vazi, kila mmoja akiwa vazi la mwenzake, basi mwanamke anayejivua ni mtu aliyeona vazi limembana, akalivua kwa mkono wake na kuliweka chini. Je, mtu huyo ametenda dhambi, au ametoa shahada? Suala hilo limenikaa moyoni tangu siku niliyohudhuria shauri moja wilayani Kisarawe.

Shauri lenyewe lilisikilizwa chini ya mwembe, upande wa Maneromango, nami nilikaribishwa kwa sababu ya mvi zangu kuliko kwa sababu ya elimu. Mlalamikaji alikuwa mama wa makamo, bi mkubwa katika nyumba ya wake watatu, aliyekaa na mumewe miaka 26. Aliwaamkia wazee mmoja mmoja, akaketi kando, akasema neno lake kwa sauti ya chini, kwamba hagombi na mtu, hamtukani mume wala wake wenziwe, bali anaomba aruhusiwe kutoka. Mzee aliyeongoza baraza akamwambia kwa upole, "Mwanangu, huo ni wivu. Vumilia, utapita."

"Si wivu, baba," alijibu. "Huo mkeka mliokalia nimeusuka mimi, usiku wa zamu zangu, nikimngoja asije. Ni wa nne huo."

Asiyejua kazi ya mkeka hataona uzito wa maneno yale. Ukindu hukatwa, hukaushwa, huchanwa nyuzi, hutiwa rangi, kisha husukwa ukili mwembamba kama utepe, pima baada ya pima, na ni baada ya kupatikana ukili wa kutosha ndipo mshonaji huzungusha na kushona. Mikeka minne ni ukili mrefu ajabu, na kila pima ilikuwa na usiku wake. Wazee walinyamaza, na nikamwona mmoja wao akisogeza miguu yake taratibu mpaka mchangani.

Nimewaza sana juu ya mkeka ule. Dini iliyoruhusu wake wengi iliifunga ruhusa hiyo kwa sharti la uadilifu, ikasema anayechelea kutoweza kuwatendea haki na aoe mmoja tu. Na baadaye, katika sura ile ile ya Nisaa, ikawaambia wanaume kwamba hawataweza kuwafanyia wake uadilifu kamili hata wakijitahidi, basi wasimwelemee mmoja wakamwacha mwingine akining'inia. Juu ya aya hizo mbili wameandika wafasiri wengi, nami si mmoja wao. Nionalo mimi ni jambo la upande wa ushahidi. Amri ya uadilifu amepewa mume. Mwenye kuhukumu kama ameitimiza ni mume yule yule. Na mwenye kujua kwa yakini kwamba haikutimizwa ni mke aliyelala peke yake usiku wa zamu yake. Hakuna mzee wala sheikh aliyekuwapo chumbani. Kwa hiyo mke anapokuja barazani kuomba kutoka, haji kupinga sheria ya Mungu, kama wengi wanavyomdhania, bali amekuja kuishuhudia, akiwa shahidi pekee aliyekuwa mahali tukio lilipotukia. Na kumjibu kwamba ana wivu ni kumkataa shahidi kabla ya kumsikiliza.

Na tukubali hata kwamba ni wivu. Imepokewa katika hadithi sahihi kwamba mmoja wa wake za Mtume alipoletewa sahani ya chakula kutoka nyumba ya mke mwenziwe, aliipiga ikavunjika mbele ya wageni. Mtume aliokota vipande, akakusanya chakula, akawaambia wageni kwamba mama yao ameshikwa na wivu, kisha akachukua sahani nzima ya nyumba ile akaipeleka kwa yule aliyevunjiwa yake. Hakukuwa na hotuba juu ya subira, bali sahani ililipwa. Ajabu ni kwamba wanaosoma hadithi hiyo kila Ramadhani ni hao hao wanaomwambia mwanamke arudi nyumbani mikono mitupu.

Lakini kisa kilicho karibu zaidi na habari yetu ni cha mke wa Thabiti bin Qaisi, aliyemwendea Mtume akasema kwamba hamlaumu mumewe kwa tabia wala kwa dini, ila hawezi kuishi naye, na anaogopa asije akamkosea Mola wake kwa kubaki. Hakuulizwa mashahidi. Aliulizwa kama yu tayari kurudisha bustani aliyopewa kuwa mahari. Akakubali, akairudisha, akawa huru. Nalipenda sana neno lile bustani, kwani ndilo linalonirudisha Kisarawe. Bibi yule wa Madina alirudisha shamba alilopewa na mume; mama yetu wa chini ya mwembe, ambaye mahari yake ilikuwa mkufu, doti mbili za kanga na fedha kidogo, angeweza kuyarudisha yote kwa siku moja ya soko, ila yeye ndiye aliyepanda mikorosho. Aliipanda mwaka alioolewa, akaipalilia, akaifyekea moto wa kiangazi, akaisubiri miaka mitatu, minne, mpaka ikazaa. Na huku kwetu Pwani mti ni mali ya mpandaji hata ardhi ikiwa ya mwingine, kwa desturi iliyo kongwe kuliko serikali zote tatu zilizotutawala. Walakini katika daftari la chama cha msingi, ambako korosho hupimwa na malipo huandikwa, jina lililoandikwa ni la mume. Mtume alihakikisha bustani imerudi kwa aliyeitoa. Nani, basi, atakayemrudishia mama huyu ya kwake?

Sheria ya nchi inalo jibu, angalau kwenye karatasi. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 ilifanya jambo ambalo mataifa mengi hayakulithubutu, yaani kuziweka ndoa za Kiislamu, za Kikristo, za kimila na za kiserikali chini ya dari moja, ikazikiri ndoa za mitala bila kuzionea haya, ikasema wake wa mume mmoja wana haki sawa mbele ya sheria, na ikampa mke aliyeko haki ya kuweka pingamizi mume anapotaka kuongeza mwingine, ikiwa mali yake haitoshi au ikiwa huyo ajaye ataleta fitina kubwa nyumbani. Ni haki nzuri, nayo ina kasoro moja: hutumiwa kabla ya harusi, ilhali wake wengi niliowasikia walipata habari baada ya pilau kuliwa. Anayetaka kutoka hupitia kwanza baraza la usuluhishi, la kata au la dini yake, na likishindwa kusuluhisha humpa hati ya kwenda nayo mahakamani. Huko mahakama inaweza kuvunja ndoa na kugawa mali iliyochumwa kwa juhudi za wote wawili.

Maneno hayo, juhudi za wote wawili, yalibishaniwa mpaka mwaka 1983, pale Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, ilipoamua katika rufaa ya Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Seif kwamba kupika, kufua na kulea nako ni kuchuma. Tangu siku hiyo hakuna wakili wa mambo ya ndoa asiyelitaja jina la Bi Hawa. Wasichokisema sana ni kwamba yeye mwenyewe alishindwa: mahakama iliona kuwa fedha alizopewa na mumewe kuanzishia biashara alizitapanya, na fungu lake likahesabiwa kuwa limekwisha. Ameacha mlango wazi kwa wengine, naye hakupita.

Wasomaji wengine watasema mambo haya ni ya Waislamu na ya Uswahilini. Sivyo. Huko Utah, Marekani, Wamormoni waliitangaza ndoa ya wake wengi hadharani mwaka 1852 kuwa ni amri ya mbinguni, na kiongozi wao Brigham Young alikuwa na wake makumi. Mmoja wao, Ann Eliza Young, alimshitaki mwaka 1873 akidai talaka na matunzo. Na mzee yule, ambaye kwa miaka mingi alikuwa amehubiri kwamba ndoa hizo zimefungwa na Mungu mpaka milele, akajitetea kortini kwamba kwa sheria za nchi huyu hakuwa mke wake kabisa, na mwishowe korti ikamkubalia. Kanisa lile liliikataza mitala mwaka 1890, na leo humtenga anayeifanya. Lakini vikundi vilivyojitenga viliendelea nayo mpakani mwa Utah na Arizona, ambako nyumba za waumini zilimilikiwa na amana moja ya dini iliyoundwa mwaka 1942, hata ikawa mwanamke akitoka hana ubao wala msumari wa kudai. Carolyn Jessop, aliyeozwa akiwa na miaka 18 kuwa mke wa nne wa mtu mzima sana, alitoroka huko usiku mmoja wa mwaka 2003 pamoja na watoto wake wanane. Niliposoma habari yake niliona mikorosho ya Maneromango.

Na hapa kwetu kanisa nalo lina deni lake. Mkutano wa maaskofu wa Kianglikana uliofanyika Lambeth mwaka 1888 uliamua kwamba mwanamume mwenye wake wengi asibatizwe maadamu anao; na wamisionari waliojenga shule ya Minaki, hapo hapo Kisarawe, walikuwa wa kanisa hilo. Aliyetaka ubatizo ilimpasa abaki na mmoja. Wake waliobaki nje walitolewa, hawakujivua, na tofauti baina ya mambo hayo mawili ndiyo kiini cha makala haya. Ilichukua miaka 100 kamili kabla ya Lambeth ya mwaka 1988 kukubali kwamba mtu wa namna hiyo abatizwe pamoja na wake zake na watoto wake, kwa ahadi ya kutoongeza, asilazimishwe kuwafukuza, kwa kuwa wangedhalilika. Mwanamke asiyetaka kutoka akatolewa, na anayetaka kutoka akazuiliwa, wote wawili hawakuulizwa neno.

Sisemi kwamba kila mke mwenza yu kifungoni. Najua nyumba moja karibu na Soga ambamo wake wawili hulima shamba moja, huuguzana, na humcheka mume wao pamoja. Ukiwaambia waachane naye watakuona mwendawazimu. Lakini hata kukaa kwao kunapata thamani kutokana na kuweza kutoka, kwani radhi ya mtu asiye na mlango haijulikani kama ni radhi. Zamani za Wazaramo, wenyeji wa huku, mlango huo ulikuwapo: ukoo ulihesabiwa kwa mama, na mwanamke aliyechoka alirudi kwenye ardhi ya wajomba zake akapewa mahali pa kulima bila maswali mengi. Siku hizi ardhi hiyo, kuanzia Kiluvya hadi Mlandizi, imepimwa viwanja na kuuzwa kwa watu wa Dar es Salaam, na mjomba anayerudiwa amebakiwa na ua wa nyumba tu.

Mama yule wa Maneromango alipewa karatasi yake baada ya miezi saba, kwa sharti la kurudisha mahari, naye akairudisha hadi kanga. Mikorosho hakuidai, alisema amechoka kusema. Alikaa eda, kisha akapanda gari linalopita Mzenga akaja Mlandizi, wilayani Kibaha, ambako anauza vitumbua karibu na kituo. Nilimpitia mwezi wa kumi na mbili. Chini ya meza yake palikuwa na kikapu cha korosho ghafi, nikamuuliza zimetoka wapi. "Za kwangu hizi," alisema. "Bi mdogo huniletea kila msimu, bwana hajui."