Je, Aliyeokoka Anaweza Kulima Mtama wa Bia?



Swali hili limekuwa likizunguka katika ushirika wetu wa nyumbani tangu mavuno yaanze, na mimi kama mmoja wa walimu nimeulizwa zaidi ya mara moja. Linakuja hivi: mtu ameokoka, hanywi, hauzi pombe, hata mlango wa baa haujui. Lakini ana shamba, na mtama wake unanunuliwa kwa mkataba ukatengeneze bia. Je, anatenda dhambi? Na akileta fungu la kumi kutoka kwa pesa hiyo, kanisa lipokee?

Wengine hujibu haraka, "Pombe ni pombe, tokeni kwayo." Wengine nao husema, "Mtama ni mtama, dhambi iko kwa mnywaji." Mimi naona majibu yote mawili ni mepesi mno kwa mtu ambaye ana karo ya watoto mbele yake na dhamiri ndani yake. Hebu twende polepole, tuanze na kitu chenyewe.

Bia ya kawaida ina vitu vinne: maji, nafaka, hopsi na hamira. Nafaka, mara nyingi shayiri, hulowekwa na kuachwa ichipuke kidogo, kisha hukaushwa kwa moto. Hiyo ndiyo kimea. Punje inapoanza kuota, ule wanga wake huwa tayari kugeuka sukari. Kimea kikisagwa na kutiwa maji ya moto, yanatoka maji matamu. Hayo huchemshwa pamoja na hopsi, maua ya mmea fulani unaotambaa, ambayo huleta uchungu na kuzuia bia isiharibike upesi. Yakipoa, hamira inatiwa. Hamira inakula sukari na kutoa vitu viwili, gesi na kileo.

Mama zetu wa upande wa magharibi wanaijua njia hii bila kiwanda. Kwa busaa, unga wa mahindi hulowekwa ukachachuka, hukaangwa juu ya bati, kisha huchanganywa na maji na kimea cha wimbi. Kazi ni ile ile. Na hamira yenyewe ni jamaa ya ile unayotia kwenye mkate na mandazi. Pale gesi inainua unga, na kile kileo kidogo kinatoka kwa joto la jiko.

Kwa muda mrefu watu walitumia hamira bila kuielewa. Mwaka 1516 watawala wa Bavaria, kule Ujerumani, waliagiza bia itengenezwe kwa shayiri, hopsi na maji peke yake. Hamira hawakuitaja. Zaidi ya miaka 300 baadaye, Mfaransa Louis Pasteur alionyesha kwamba kuchachuka ni kazi ya viumbe hai vidogo sana, na kwamba joto la kiasi huvizuia. Mwaka 1869 daktari wa meno huko Marekani, Mmethodisti aliyeitwa Thomas Welch, akachukua maarifa hayo na kuyatumia kwa maji ya zabibu ili yasigeuke mvinyo, yatumike kwenye meza ya Bwana. Kwa hiyo ile juisi tunayoshiriki bila kileo imetoka kwa maarifa ya mtu aliyechunguza mvinyo na bia. Maarifa ni yale yale, lakini mikono imeyapeleka njia mbili.

Na nafaka pia ni hivyo hivyo. Ruthu aliokota masazo ya shayiri kule Bethlehemu akamlisha mkwewe. Katika Yohana 6 mikate mitano ya yule kijana ilikuwa ya shayiri. Basi tukubaliane hapa: punje haina hatia. Anayesema mtama wenyewe ni mchafu anamsingizia aliyeuumba.

Lakini je, punje ikiwa haina hatia, na mkono unaoipanda hauna? Hapo ndipo inabidi tuangalie pombe imekuwa nini siku hizi.

Zamani sana, kule Misri, wafanyakazi walilipwa mkate na bia. Kwetu, wazee walikaa wakizunguka chungu kimoja cha busaa na mirija mirefu, na muratina ya asali ilikuwa na siku zake za mahari na sherehe. Sisemi siku hizo zilikuwa takatifu. Ulevi ulikuwepo, na Nuhu ni shahidi. Lakini kulikuwa na mipaka ambayo haikutegemea moyo wa mtu. Nafaka ilikuwa chakula kwanza. Kazi ilichukua siku kadhaa. Na busaa haikai, siku chache tu imeharibika. Hakuna aliyeweza kuweka ghala lake na kungoja wateja.

Kiwanda kiliondoa mipaka hiyo. Hapa Kenya kampuni ya bia ilianzishwa mwaka 1922, na tangu hapo pombe ikawa bidhaa inayosafiri, inayokaa, na inayongojea mnunuzi kila siku ya juma. Bidhaa haina sikukuu. Kila chupa inayouzwa ni heri kwa muuzaji, hata kama ni ya kumi kwa mtu yule yule.

Nitakuwa mwadilifu kwa upande wa pili pia. Mwaka 2000, hapa Nairobi, zaidi ya watu 100 walikufa baada ya kunywa pombe haramu iliyokuwa na methanoli, kemikali ya viwandani inayopofusha macho na kuua. Mwaka 2004 ikaja bia ya mapipa, ile watu wanaita keg, na serikali ikaipunguzia kodi ili mtu wa kipato cha chini aache zile pombe za kuua. Bia hiyo ikaanza kutengenezwa kwa mtama, na wakulima wa Tharaka, Kitui na Homa Bay wakapata soko la zao linalovumilia ukame. Kuna watoto waliosomeshwa na mtama huo. Anayesimama madhabahuni na kusema hakuna jema lolote lililotokea hajasikiliza watu wake.

Lakini angalia kilichofuata. Mwaka 2013 serikali iliiwekea bia hiyo kodi. Bei ikapanda, watu wakapunguza kunywa, na kiwanda kikapunguza kununua mtama. Wakulima wakalia mpaka kodi ikashushwa tena. Mimi siwalaumu kwa kulia, kwa sababu mavuno yalikuwa ghalani na hayakuwa na mnunuzi. Lakini tukio hilo lilifunua kamba iliyokuwa imefichika: watu walipopunguza kunywa, mkulima aliumia. Hata kama hajawahi kushika glasi, riziki yake ilikuwa imefungwa kwa kiu ya mtu mwingine.

Sasa tufungue Neno. Katika 1 Wakorintho 10, Paulo anawaambia waamini wanunue nyama sokoni bila kuulizauliza, lakini mtu akikuambia imetolewa kwa sanamu, uiache. Nyama haijabadilika. Kilichobadilika ni kwamba sasa unajua. Kutoka 21 inasema vivyo hivyo juu ya ng'ombe anayepiga watu pembe: mwenyewe asiyejua tabia yake ana hukumu moja, na yule aliyekwisha kuonywa ana hukumu nyingine nzito. Kwa hiyo mama anayepeleka gunia sokoni, akauzia yeyote aliye na pesa, hana deni la kumfuata mnunuzi mpaka kwake. Mwenye mkataba hawezi kusema hivyo. Yeye anajua kabla hajapanda mbegu.

Habakuki 2:15 inatangaza ole kwa anayemnywesha jirani yake mpaka alewe ili amtazame aibu yake. Mkulima sio huyo, na tusimhukumu kama huyo. Lakini wako kwenye barabara moja, na lazima mtu ajiulize amesimama umbali gani.

Kipimo ninachotumia nimekipata katika Matendo 19. Demetrio alikuwa fundi wa fedha huko Efeso. Fedha sio dhambi, hekalu la Sulemani lilikuwa na vyombo vya fedha. Kilichomfunua Demetrio ni siku injili ilipoingia mjini. Watu walianza kuacha sanamu, na yeye akaanza kuhesabu hasara. Basi jiulize, mpendwa: uamsho ukija kwenye wadi yetu, walevi wote wakaokoka kwa wiki moja, mfuko wangu utashangilia au utaomboleza? Mwenye baa ataomboleza kabisa. Mwenye mtama wa mkataba ataomboleza kwa sehemu, kwa sababu mtama wake bado unaweza kuwa ugali, uji, au chakula cha kuku. Bado ana mahali pa kugeukia, na hiyo ni neema.

Kwa hiyo jibu langu ni hili. Aliyeokoka asiifanye biashara ya bia kuwa nguzo ya nyumba yake akijua. Kama tayari umeweka sahihi, timiza neno lako kwa uaminifu msimu huu, huku ukitafuta mlango mwingine. Usitoroke na mbegu za watu ati kwa sababu umeokoka. Na tuwe na subira na aliye njiani. Naamani, katika 2 Wafalme 5, alimwambia Elisha kwamba kazi yake ingemlazimu kuinama katika hekalu la Rimoni, na nabii alimwambia aende kwa amani. Hakumwambia kwamba jambo hilo ni zuri. Alimwacha atembee na Mungu.

Lakini sijamaliza, kwa sababu kuna dada atakayeniuliza, "Mwalimu, nikiacha mkataba, nani atanunua mtama wangu?" Hilo ni swali halali, na haliwezi kujibiwa kwa maombi peke yake. Katika kanisa hili kuna wenye posho mill, wenye maduka, wafugaji wa kuku, na walimu ambao shule zao hupika uji kila asubuhi. Watoto wetu wa Sunday school pia hunywa uji. Tukimwambia dada aache, basi tuwe wa kwanza kufika kwake na gunia na pesa taslimu, kwa bei ya haki. La sivyo tumemtwika mzigo ambao sisi hatuugusi hata kwa kidole.

Na fungu la kumi? Wako wanaotaka likataliwe, wakinukuu wakuu wa makuhani katika Mathayo 27, waliosema fedha za Yuda haziwezi kuingia katika sanduku la hazina kwa kuwa ni za damu. Mimi kifungu hicho kinanitisha kwa sababu nyingine. Fedha hizo walikuwa wamezitoa wao wenyewe. Waliitunza hazina ikawa safi, na mikono yao ikabaki ilivyo. Mimi nasema tupokee, kwa maana ni jasho la mkulima, na Mungu anaona njia anayoitafuta. Lakini tukishapokea, hatuwezi tena kupita pale center jioni, tukawaona vijana wamelala mtaroni, na kusema hawatuhusu. Mtama uliowalewesha umetoka kwa mashamba yetu, na sehemu yake imefika madhabahuni kwetu. Wana haki ya kudai kitu kutoka kwetu: muda, mahali pa kutibiwa uraibu, mtu wa kuwatembelea siku za katikati ya juma.

Ningependa kila ushirika wa nyumbani uzungumze jambo hili wiki hii, na wenye mashamba waongee kwanza kabla ya sisi wenye mishahara. Njooni pia na hesabu ya magunia, ili tujue ni mtama kiasi gani unaotafuta mnunuzi mwingine. Mungu atupe hekima, na awabariki.