Chupa ya Fanta na Gita la Baba

Jumapili iliyopita baada ya ibada nilishuka Kangemi kumjulia hali mgonjwa, nikasikia gita likilia. Halikuwa la redio. Kwenye ua wa nyumba za kupanga, baba mmoja wa makamo alikuwa ameketi juu ya kreti ya soda. Pembeni yake kijana wake, wa kama miaka kumi na miwili, ameshika chupa ya Fanta ile ya zamani yenye migongomigongo, anaikwaruza kwa msumari. Kwaru-kwaru, kwaru. Alikuwa akichelewa. Baba hakumkemea wala hakumtazama kwa jicho kali. Kidole gumba chake kilipunguza mwendo kwenye nyuzi za besi, taratibu, hadi chupa ikamfikia.

Nilisimama pale mpaka nikasahau mgonjwa ananingoja.

Watu wa magharibi mwa Kenya wanaujua mtindo huo. Ni omutibo: gumba linashika besi, kidole cha shahada kinatembeza wimbo juu, na chupa ndiyo ngoma yenyewe. Aliyeuvumisha ni George Mukabi, mtu wa Kisa, Kakamega, aliyerekodi santuri zake hapa Nairobi. Wageni wakimsikia hukumbuka blues ya Wamarekani weusi. Mimi hukumbuka sebule ya mjomba na harufu ya taa ya chemni. Mukabi aliuawa mwaka 1963, mwaka uleule tuliopata uhuru. Mwanawe, Johnstone Ouko Mukabi, alikuwa mdogo bado. Alikua, akashika gita, akazifuata nyimbo za baba yake hadi vidole vikazizoea.

Hebu fikiri, mpendwa. Baba hayupo wa kukupunguzia mwendo. Zimebaki santuri, na santuri haimngoji mtu. Unarudia, unakosea, unarudia tena. Je, huo si upendo, hata kama hakuna aliyekuona ukijifunza?

Wako waliojaliwa zaidi. Mwaka 2014 Toumani Diabaté wa Mali alitoa albamu pamoja na mwanawe Sidiki: kora mbili, kila moja nyuzi ishirini na moja, baba na mwana bila bendi ya kuwafunika. Toumani alifariki mwaka 2024. Zile saa za kuketi pamoja hakuna awezaye kumnyang'anya Sidiki.

Nami najiuliza kuhusu sisi ambao baba zetu wako hai, au watoto wetu wako chumba cha pili. Tunatoka Kawangware alfajiri kuwahi mjini, tunarudi usiku na foleni ya Waiyaki Way mabegani. Tunalipa karo, tunanunua unga. Hiyo nayo ni ibada, usiidharau. Lakini ni lini mara ya mwisho ulipunguza mwendo ili mtu wa nyumbani mwako akufikie?

Nakiri jambo. Mimi na marehemu baba yangu tulipitisha miaka miwili tukisalimiana tu. Shikamoo, marahaba, basi. Sababu yenyewe ilikuwa shamba dogo ambalo leo sikumbuki hata mipaka yake. Kila mmoja alingoja mwenzake aanze. Nabii Malaki anafunga kitabu chake kwa ahadi ya mioyo kurudiana, na hutaja kwanza moyo wa baba kwa watoto, ndipo wa watoto kwa baba. Kwetu haikuwa hivyo. Nilianza mimi, tena vibaya: nilimpelekea sukari kilo mbili nikakosa la kusema. Akaniuliza kama nimekula.

Labda wewe pia una mtu wa kupelekewa sukari. Usitafute maneno makubwa. Na kama mtu huyo ameshatangulia, bado waweza kumsamehe. Wapo waliojifunza kumpenda baba kwa santuri tu.

Nilipotoka kwa mgonjwa giza lilikuwa limeingia. Baba yule alikuwa amelirudisha gita mfukoni, na mama akiwa mlangoni anawaita, ugali unapoa. Kijana hakuinuka.

"Baba, turudie pale nilipokosea?"

Baba alimtazama mama, akamtazama kijana, akaanza kufungua zipu.