Sauti Kamili na Moyo Pungufu

 

Ndugu Waislamu, nilipokuwa Elwak, mji wa visima ulio katika mpaka wa Kenya na Somalia, kijana mmoja alinijia baada ya sala ya alasiri kwa swali alilokuwa akiona haya kuliuliza. Marehemu baba yake aliikimbia Mogadishu kwa vita vya mwaka 1991, na katika mzigo wake mlikuwa na kanda moja ya bendi za huko zilizopiga magitaa ya umeme. Wimbo mmoja kijana aliujua tangu utotoni, lakini kwa mikwaruzo mitupu. Nyimbo nyingi za namna hiyo ziliokoka kwa sababu watu wa Hargeisa walizifukia kanda zao ardhini mwaka 1988, ndege zilipoupiga mji wao. Basi kijana akaletewa nakala ya wimbo ule isiyopunguzwa kitu. Akaitia masikioni, akamsikia muimbaji akivuta pumzi kabla ya neno la kwanza. Akalia mpaka akashindwa kusimama. "Sheikh," akaniuliza, "mbona Kur'ani hainilizi hivi? Imani yangu imekufa?"

Hukumu ya ala za muziki ina khitilafu, nami nashika kauli ya wengi wa Mashafii ya kuziepuka. Lakini swali lake lilikuwa zito kuliko hilo.

Kwanza tufahamu kilichotendeka. Sahani ya CD huchukua vipimo 44,100 vya sauti kwa kila sekunde. Faili la MP3, ili liwe jepesi, hutupa yale yanayodhaniwa kuwa sikio halitayakosa. Faili lisilopunguzwa, kama lile liitwalo FLAC, hubana bila ya kutupa. Wala haliongezi kitu: mkwaruzo wa kanda hubakia humo humo. Chombo ni mwaminifu tu, huzuni hakikuiumba. Na Imamu Ghazali, katika mlango wa samaa wa Ihyaa, amebainisha kuwa sauti haitii moyoni kisichokuwamo, bali hukitikisa kilichomo. Basi kilichotikisika si gitaa, ni baba. Na Mtume (s.a.w.) alimlilia mwanawe Ibrahim.

Lakini Mtume (s.a.w.) alilia pia alipomtaka Ibn Masud amsomee Suratun-Nisaa, akafika aya ya 41. Maneno yale yalimshukia yeye mwenyewe. Sikio halikupata jipya. Alilia kwa uzito wa ushahidi atakaoutoa juu ya umma wake. Hapo ndipo penye tofauti: kuna chozi linalokwisha pamoja na sauti, na kuna chozi linalomwachia mtu kazi.

Nasi watu wa pwani tusimcheke kijana huyu. Wangapi kwetu hububujikwa na machozi msomaji mwenye sauti nzuri akisoma kwa kipaza sauti, na asubuhi wakala mali ya yatima? Hao Kur'ani imewaliza. Lakini imewafaa nini?

Nikamwambia: "Mwanangu, usiyapime machozi yako. Jiulize, baba yako anahitaji nini kwako leo?" Akanyamaza kitambo, kisha akasema kuwa marehemu aliacha deni la ngamia wawili kwa jirani, na mpaka sasa halijalipwa.

Nikamwambia: "Basi anza hapo."