Lazima Muujiza?

Ukipanda basi la mchana kwenda Mombasa, usilale ukishapita Voi na Maungu. Kabla ya kufika Samburu kuna mahali panaitwa Mackinnon Road. Ni maduka machache, malori yameegeshwa, stesheni ndogo ya ile reli ya zamani, na kando yake msikiti. Ndani ya msikiti kuna kaburi. Madereva husimama hapo, wanaomba safari njema, wanatoa sadaka, wanaendelea. Madaraka Express nayo haina stesheni hapo. Tangu 2017 abiria wake hupita sehemu hizo mbio, macho kwenye simu.

Stesheni ina jina la mtu mmoja, kaburi lina jina la mwingine. Hebu tuwapime wote wawili.

William Mackinnon alikuwa Mskoti, tajiri wa meli. Kampuni yake, Imperial British East Africa, ilipewa hati ya kifalme mwaka wa 1888. Njia ya mikokoteni iliyoanza kufyekwa mwaka wa 1890 kutoka Pwani kwenda bara ikabeba jina lake. Alifariki 1893. Reli ilianza kujengwa Mombasa 1896. Yaani stesheni hii ina jina la mtu ambaye hakuona hata taruma moja la reli yenyewe.

Wa pili ni Sayyid Baghali. Husimuliwa kwamba alikuwa Mpunjabi, nyapara kwenye ujenzi wa reli, mwenye nguvu za ajabu. Wenzake walipobeba makarai ya kokoto kichwani, lake halikumgusa. Lilielea juu ya kichwa chake, naye akitembea tu.

Sitaki tubishane kama kweli liliielea hewa au la. Ninachojiuliza ni nani alihitaji hadithi hiyo. Kwingine watu husimulia bahari zikigawanyika na wafu wakifufuka. Watu wa reli walisimulia karai likiinuka kidogo, lisiguse utosi. Nadhani ni mtu aliyebeba kutwa nzima kwenye jua la nyika ya Taru anayeweza kuota muujiza mdogo hivyo.

Wafanyakazi karibu 32,000 waliletwa kutoka India. Wapatao 2,500 walikufa kabla kazi haijakamilika. Gawanya kwa urefu wa reli kutoka Mombasa hadi Kisumu: ni zaidi ya wawili kwa kila kilomita. Na hiyo ni hesabu ya Wahindi tu, Waafrika hawamo. Kati ya hao wote, ni wangapi unaowajua kwa jina? Mimi namjua huyu mmoja, na namjua kwa sababu karai lake lilielea.

Hapo ndipo roho yangu hukwama. Tajiri alihitaji pesa tu ili jina lake libaki. Je, mfanyakazi ni lazima afanye muujiza?

Mahali hapo hapo kuna wengine. Mwaka wa 1954, baada ya msako wa Operation Anvil jijini Nairobi, maelfu ya wanaume walisombwa. Wengi wao walifungiwa kambi za Mackinnon Road na Manyani. Hawakuwa na kampuni, wala hakuna aliyesimulia chochote kikielea juu yao. Anayesimama kuombea safari yake leo anaweza asijue kabisa kwamba walikuwa hapo.

Najua utaniambia: wafu hawasikii. Ukitaja jina la marehemu au usilitaje, yeye hapati kitu. Ni kweli. Ndiyo maana sidhani deni hili ni la masikio yao. Jinsi tunavyohesabu wafu ndivyo tunavyozoea kuhesabu walio hai. Ukikubali kwamba reli ilijengwa na Mackinnon, utakubali pia kwamba barabara ya kwenu ilijengwa na mheshimiwa aliyekata utepe, na jiwe la ufunguzi litamtaja yeye peke yake.

Wala siombi tung'oe bango la stesheni. Bango ni rahisi kubadilisha, na tukishalibadilisha tutajisifu kisha tusahau. Kaburi la Baghali halikuwekwa hai na bango. Limewekwa hai na watu wanaosimama, siku baada ya siku.

Kando ya ploti ninapoishi kuna mjengo, umefika ghorofa ya sita. Kila asubuhi nikitoka kwenda job nawaona watu wa mkono wakipandisha zege kwa karai, ngazi kwa ngazi. Mwenye nyumba namjua jina, fundi mkuu namjua, hata mama anayewauzia chapati na madondo namjua. Miezi minane sasa, sijawahi kumuuliza hata mmoja wao anaitwa nani. Nilikuwa nangoja nini, karai lielee?